Unalirudisha siku gani?

Haya niliyasema Arusha, mbele ya wapenda magari ya zamani na vijana wanaosomea filamu. Nimeyaandika yote kwa ajili ya mlioshindwa kufika. Picha nilizoonyesha ukutani nimeziacha. Hamjakosa kitu, ukumbi ulikuwa na mwanga mwingi na hata waliokuwepo hawakuziona.

Wazee wangu, shikamooni. Vijana, hamjambo? Ninyi mliosimama nyuma sogeeni mbele, viti vipo. Hapa si kwenye Peugeot ya Namanga, hakuna atakayewapanga wanne wanne.

Naona wanaocheka ni wa umri wangu kwenda juu. Vijana wananitazama tu. Basi niwaambie: kulikuwa na gari linaitwa Peugeot 504, lile refu la stesheni wagon, viti safu tatu. Kiwanda chake cha Sochaux, Ufaransa, kilisema ni gari la watu 7. Sisi tulisema ni gari la watu 11, kuku wawili, na gunia la mahindi juu ya paa. Na gari likakubali. Nani alikuwa sahihi, kiwanda au sisi? Shikeni swali hilo, nitalirudia.

Mimi si fundi. Kazi yangu ni filamu za makala, na kwenye magari niliingilia mlango wa uani. Miaka tisa iliyopita nilikuwa narekodi watu walioishi ile miaka ambayo mpaka wetu na Kenya ulikuwa umefungwa. Wazee mnakumbuka. Jumuiya ya Afrika Mashariki ilivunjika 1977, mpaka ukafungwa mwaka huohuo, ukafunguliwa 1983. Nikaelekezwa kwa mzee mmoja wa Tengeru ambaye enzi hizo alikuwa dereva wa abiria. Nikaenda na kamera, taa mbili, na kijana wa sauti. Tukamweka mzee kwenye kiti, tukambana maiki kwenye kola ya shati, nikamuuliza: "Babu, mpaka ulipofungwa, maisha yalikuwaje?"

Akasema: "Yalikuwa magumu."

Nikasubiri. Na yeye akasubiri. Nikauliza, magumu namna gani? Akafikiri sana, akasema: "Magumu sana."

Ninyi wa filamu mnaijua hali hiyo? Umetoka mjini, umelipa gari, umelipa taa, na mzee wa watu anakujibu kama anajaza fomu ya sensa. Nikaanza kujilaumu kwamba maswali yangu ni mabovu. Kijana wa sauti ndiye aliyetuokoa, na wala hakukusudia. Kuku walikuwa wanampigia kelele, akaenda kuwafukuza chini ya mparachichi, wakakimbilia chini ya turubai kuukuu. Akalifunua. Akauliza: "Babu, hili gari la nani?"

Mzee akainuka. Waya wa maiki ukanyooka, ukachomoka, wala hakugundua. Akafungua boneti, akaweka kiganja juu ya injini kama mtu anayempima mtoto homa, akaanza kusema. Alisema saa mbili na dakika kumi. Betri mbili ziliniishia. Springi hii niliipata Babati. Kitasa hiki cha ndani kilivunjika, nikachongewa cha mninga. Hapa nilikwama siku tatu nikila mahindi ya abiria. Mwaka huu slivu za injini zilikwisha, Nairobi ilikuwa saa nne kwa gari na sikuweza kwenda. Mtu wa maneno mawili, "magumu sana", alikuwa na miaka sita yote mle ndani ya boneti.

Wanangu wa filamu, kama mtatoka hapa na neno moja la kazi yenu, chukueni hili: mtu mpe kitu cha kushika. Msimkalishe kwenye kiti, mkamwashia taa usoni, mkamuuliza habari za historia. Mpe jembe lake, mpe sufuria yake, mpe spana yake.

Ile filamu niliimaliza. Gari lenyewe halikunitoka kichwani. Nikarudi Tengeru mara tatu, nne, mwishowe mzee akaniuzia. Bei ya chuma chakavu aliikataa, na bei yangu akaikataa, akisema nimekuwa mjinga. Akataka mbuzi wawili na ahadi kwamba litatembea.

Sasa nije kwenye lenyewe lililonileta hapa.

Nilipolivuta hadi mtaa wa Unga Limited kwenye gereji ya fundi wangu (gereji bubu, haina kibao, lakini foleni haishi) nilikuwa na orodha ya kurasa sita. Nilikuwa nimesoma sana usiku. Nilijua rangi zote walizopaka Sochaux, nilijua hadi kitambaa cha viti. Fundi, mzee aliyenizidi kama miaka ishirini, alinisikiliza nikisoma orodha yote. Nilipomaliza akafuta mikono kwa tambara, akauliza:

"Dada, unalirudisha siku gani?"

Sikumwelewa. Nikamwambia nalirudisha siku lilipotoka kiwandani, 1974.

"Wewe ulikuwepo?"

Hapana.

"Mimi sikuwepo. Sasa tukifika nani atatuambia kwamba tumefika?"

Nilikasirika kidogo, sitaficha. Nimekuja na kurasa sita, naulizwa kitendawili. Lakini kadiri tulivyolifungua lile gari ndivyo swali lake lilivyozidi kuniuma. Nyuma ya 504 stesheni wagon kuna springi nne za kujikunja, mbili kila upande. Tatu zilikuwa za Ufaransa. Ya nne, ile ya Babati, ilikuwa ya gari jingine kabisa, waya wake mnene zaidi, imekatwa mzunguko mmoja na nusu ili kimo kilingane. Na kimelingana! Fundi aliipima, akaizungusha mkononi, akasema aliyeikata alijua hesabu.

Kisha tukafika kwenye raba za kushikilia injini. Injini hii haisimami wima, imelazwa ubavu kwa nyuzi 45. Raba moja ilikuwa imekatwa kutoka tairi la lori. Nimekaa nayo mezani kwangu mwaka mzima. Ukiisogeza karibu na macho unaona kisu kilipoingia, kikakwama kwenye nyuzi za tairi, kikatolewa, kikaingizwa tena kwa pembe nyingine. Nyuzi zenyewe zimechomoza pembeni kama nywele za sikio la mzee. Mtu alikaa chini mahali fulani, kuna mpaka umefungwa, hakuna fedha za kigeni, hakuna spea, mafuta yenyewe ya shida, Jumapili ikifika saa nane mchana huruhusiwi kuendesha bila kibali. Akakata tairi hadi injini ya Ufaransa ikatulia juu yake. Na ikatulia miaka thelathini na kitu.

Haya, niambieni. Ile raba niitupe? Niagize mpya, safi, ya kiwandani? Kwenye orodha yangu ya kurasa sita ilikuwa namba 14.

Waswahili walisema kipya kinyemi ingawa kidonda. Tunapenda kung'arisha. Nimehudhuria maonyesho mengi, nimeona magari yamepakwa rangi hadi ukijitazama mlangoni unaona meno yako. Mazuri. Siyasemi vibaya. Ila ukiliuliza gari lile "ulikuwa wapi miaka hamsini?" linakujibu kama mzee wangu kwenye kiti: maisha yalikuwa magumu.

Nadhani mnaanza kuniona mjuaji. Subirini basi niwaambie nilichofanya mwenyewe.

Bodi niliipeleka karakana moja hapa mjini, sitaitaja, na kosa zaidi ya nusu ni langu. Lilikuwa limepakwa kijani kibaya, mtu alilipaka kwa brashi. Nikawaambia toeni kijani chote mfike kwenye bati, nitapita Alhamisi na kamera. Nikapata kazi nyingine ya harusi, nikapita Jumamosi. Mnasikia? Mtu wa filamu za makala, anayekula kwa kurekodi mambo yasipotee, alikwenda kupiga picha za harusi.

Nilipofika, upande wa kulia ulikuwa bati tupu, umependeza, kijana anapiga msasa huku anaimba. Alikuwa amehamia kushoto. Mlango wa mbele ameshaumaliza, yuko kwenye mlango wa nyuma. Na kwenye mlango ule, chini ya kijani, juu ya rangi ya maziwa, kulikuwa na herufi nyekundu zilizoandikwa kwa mkono, kubwa, zenye kivuli kama walivyokuwa wanaandika wachora mabango: M, A, N, G, A.

Nikapiga kelele. Kijana akadhani ameumia mtu.

Nikamuuliza, upande ule mwingine kulikuwa na nini? Akasema kulikuwa na maandishi pia, hakuyasoma. Nikamuuliza na hapa mbele? Akasema palianza "ARUSHA". Halafu akasema jambo ambalo nalisikia mpaka leo: "Kulikuwa na herufi nyingine nyeusi kwa chini ya hizi nyekundu, dada. N nadhani. Nilifikiri ni uchafu."

Nyeusi, chini ya nyekundu. N.

Mnaona ninachokiona? Kabla ya 1977 gari lile huenda lilikuwa linakwenda Nairobi. Mpaka ukafungwa, safari ikaishia Namanga. Kama ndivyo, basi mtu alichukua brashi akafunika Nairobi kwa rangi, akaandika Namanga juu yake. Historia niliyoitafuta kwa kamera na taa mbili ilikuwa imeandikwa mlangoni, tabaka juu ya tabaka, na mimi nililipia msasa wa kuifuta. Mzee wangu wa Tengeru alikuwa ameshatangulia mbele ya haki miezi minne. Hakukuwa na wa kumuuliza.

Upo ule mlango mmoja. Herufi tano. Ukizima taa ukamulika tochi kwa ubavu, unaona vimatuta chini ya wekundu, kama kuna maandishi mengine. Ili niyasome lazima nikwangue nyekundu. Nikikwangua nyekundu nimeifuta Namanga ili nipate Nairobi. Nairudisha siku gani?

Mpaka leo sijakwangua. Na kwa kuwa "NA" ilikwenda na msasa, gari langu kwa sasa limeandikwa MANGA. Wenzangu wa pwani mnacheka, najua: Manga ni Uarabuni. Kutoka Arusha hadi Manga ni safari, na katikati kuna bahari.

Nifungue mabano kidogo kwa ajili ya vijana. Filamu zetu za zamani, zile za utepe wa asetati, zikianza kuoza hutoa harufu ya siki. Ukifungua kopo unajua kabla hujaona. Siku hizi kuna programu za kompyuta zinazofuta mikwaruzo yote kwenye picha. Nzuri, nazitumia. Lakini mikwaruzo mingine ililetwa na projekta iliyozungushwa kijiji hadi kijiji, na pale ilipozidi ndipo utepe ulipopita mara nyingi. Kabla hujafuta, hifadhi nakala yenye mikwaruzo. Wataalamu wa majengo walikutana Venice mwaka 1964 wakakubaliana kwamba katika kukarabati, michango halali ya nyakati zote iheshimiwe, usibomoe ya karne hii ili uifikie ya karne ile. Fundi wangu hajafika Venice. Nafunga mabano.

Kuna waliokuja leo kwa ajili ya Safari Rally, wameniambia pale mlangoni. Nami naipenda. Nani asiyependa? Pasaka ilikuwa ya Safari. Mwaka 1963 yalianza magari 84, mvua ikanyesha kama imetumwa, yakamaliza 7. Mwaka 1968 yakamaliza 7 tena. Na miaka yote miwili aliyeshinda ni mtu mmoja na aina moja ya gari: Nick Nowicki, Peugeot 404. Katikati, 1966 na 1967, Bert Shankland wa hapa kwetu Tanzania akashinda mfululizo, na Chris Rothwell pembeni yake, 404 hiyohiyo. Ndiyo sababu Peugeot ilijaa barabara zetu. Mtu alisema, kama limepita kwenye tope lile, litapita na kwangu.

Lakini nina ugomvi mdogo na ninyi. Siku hizi kila 404 inayofufuliwa inapakwa namba za mashindano mlangoni. Kila moja! Unamkuta mtu ana gari la mwalimu mkuu wa Marangu, limebeba madaftari miaka ishirini, linatoka gereji limevaa nguo za Shankland. Shankland hakulijua gari hilo. Mwalimu yuko wapi?

Na ninyi wa mashindano nawapa mfano wa kwenu wenyewe. Joginder Singh, mzaliwa wa Kericho, fundi aliyelelewa kwenye gereji, alishinda 1965 na mdogo wake Jaswant wakiwa na Volvo PV544. Gari jipya? Wapi! Lilikuwa limeshatumika. Lilikuja na timu ya kiwanda, likakimbia Safari ya 1964 na dereva wa Sweden, Tom Trana, ndipo ndugu wale wakalinunua wakalitengeneza wenyewe. Sasa mtu akitaka kulirudisha lile Volvo "kama lilivyokuwa", lilivyokuwa lini? La Sweden, la Trana, au la mafundi wa Nairobi? Ukilirudisha kiwandani umemfuta Joginder.

Nilikuwa nawatukana sana watu wanaoweka injini za Toyota kwenye Peugeot. Nimeacha. Nilikutana na jamaa mmoja anabeba vitunguu vya Mang'ola kwa 504 pikapu, boneti ya Peugeot, moyo wa Toyota. Nikamwambia umelichinja gari. Akanitazama, akaniuliza la kwangu liko wapi. Nikamwambia liko gereji. Akasema, "Langu liko kazini." Mimi nisingeweka. Lakini mjukuu wangu akilikuta gari hilo mwaka 2070 namwomba aiache Toyota mahali pake.

Sasa ya mikono, kwa haraka, maana mwenyekiti ananionyesha saa.

Kutu msiipige nyundo wala tindikali. Magadi. Haya haya ya kupikia maharage. Chukua pipa la plastiki, maji, magadi vikombe viwili vitatu, tumbukiza vipande vya nondo pembeni, ning'iniza kifaa chako katikati kisiguse nondo. Chaja ya betri ya volti 12: chanya kwenye nondo, hasi kwenye kifaa. Ukikosea hapo utakula kifaa chako. Yatatoka mapovu, na mapovu hayo ni gesi inayowaka, basi fanyeni nje na msivute sigara. Wala msitumie chuma kisichoshika kutu, ile stainless, maji yake yanakuwa sumu. Kesho yake kutu inatoka kwa brashi, na chuma kizima hakijaguswa. Bawaba zote za milango yangu zilipita kwenye pipa hilo.

Spea za 504 zipo, msitishwe. Zilitengenezwa zaidi ya milioni 3, Ufaransa waliacha zile za saluni 1983 na Wakenya wakaendelea kuziunganisha miaka mingi baadaye, na ukienda Kirinyaga Road pale Nairobi ukavumilia jua utapata. Injini yenyewe ina slivu za kuchomoa, yaani yale mabomba ambamo pistoni hupanda na kushuka. Huchongi bloku, unatoa slivu na pistoni yake, unatia nyingine. Hilo moja ndilo lililoifanya iishi kwenye gereji zisizo na mashine.

Na kabla hujalegeza nati ya kwanza, washa kamera. Simu inatosha. Zunguka gari lote, sema kwa sauti unachokiona. Mimi nimeshalipia somo hilo, ninyi lichukueni bure.

Mtauliza nilifanya nini mwishowe. Breki nilibadilisha zote, bomba hadi bomba. Breki sikuziachia historia yake. Springi ya Babati ipo mahali pake. Raba ya tairi fundi alitaka irudi, mimi nikaogopa, tukaweka mpya, na ile ya zamani ndiyo iliyo mezani kwangu. Bado tunabishana, na huenda yeye ndiye mwenye haki. Chini ya kiti cha nyuma tulikuta senti hamsini, ile ya sungura. Nimeirudisha palepale. Bodi nimeipaka rangi ya maziwa, isipokuwa mlango wa nyuma wa kushoto, ambao upo kama kijana alivyouacha, umepakwa nta tu usile kutu. Trafiki wameshanisimamisha mara nyingi kuniuliza mbona sikumalizia.

Mwezi uliopita nililitoa safari yake ya kwanza ndefu. Ngaramtoni nikasimama kununua maji. Bibi mmoja, kikapu mkononi, akaja upande wa kushoto. Akautazama mlango. Akaufungua mwenyewe, kitasa kile cha mninga hakikumsumbua, akapanda, akasogea hadi dirishani, akaweka kikapu mapajani kuacha nafasi kwa wengine.

Nikamwambia, "Shikamoo bibi."

"Marahaba. Longido unanishusha?"

Nikasema nitamshusha. Nikakaa kwenye usukani, sijui niseme nini. Bibi akachungulia nje, akatazama stendi, akanigonga begani.

"Sasa tunasubiri lijae?"

Nikamwambia, "Limeshajaa, bibi."